Karatasi Tatu za Alhamisi

Kofia yangu ya reli haijafuliwa tangu mwaka 2002. Ukiuliza hapa Kindu, katika kambi ya reli, kwa nini kofia ya mzee Kalonji inanuka vile, watakuambia kuna radi ndani yake. Ni mimi niliyewaambia. Niliwaeleza kwamba siku moja nilikuwa kazini, visikizio masikioni, radi ikapiga mlingoti wa redio, ikaingia kwa sikio langu la kushoto, ikatoka kwa la kuume, na huko ilikotokea ikawasha sigara ya mkuu wa stesheni, aliyekuwa amesimama kando yangu akitafuta kiberiti. Mabaki yake yakabaki kwenye kofia. Atakayeitia maji itamrusha mpaka ng'ambo ya mto Lualaba. Watu hucheka, lakini hajatokea hata mmoja wa kuitia sabuni. Hata mke wangu Victorine, ambaye haniamini hata ninapomtajia siku ya juma, ameiacha msumarini miaka yote.

Kilichokuwa ndani ya kofia si radi. Chini ya kitambaa chake cha ndani nilikuwa nimeficha karatasi tatu.

Nilikuwa mtu wa foni. Foni ni ile redio kubwa ya kusemea mbali. Kabla simu za mkononi hazijatufikia, ndiyo ilikuwa mdomo wa mji huu. Ina sheria zake. Anayesema hakatizwi mpaka atamke *à vous*, ndipo zamu inakuwa yako. Na kabla ya kujibu, unarudisha: unarudia ulichokisikia neno kwa neno, ili mwenzako ajue kwamba kilichofika ndicho kilichotoka. Kwenye reli, mtu asiyerudisha alifukuzwa siku hiyo hiyo, maana neno moja likipotea magari-moshi mawili yanakutana uso kwa uso kwenye njia moja. Sheria ya mwisho: usiongeze, usipunguze.

Nje ya kazi niliongeza kila kitu. Kiboko wangu wa Lualaba alikuwa na jino la dhahabu, akifika gatini kila Krismasi kulisafishisha. Lakini kwenye foni, miaka kumi na tisa, sikuongeza hata salamu. Isipokuwa Alhamisi tatu.

Nitafika huko. Kwanza Ndaya.

Ndaya ni mtoto wetu wa mwisho. Jina ni la mama yangu, aliyekuja huku Maniema kutoka Kasai akimfuata baba na kazi ya reli. Alikua akisikia hadithi zangu zote, na aliyoipenda kuliko zote ni ile ya masikio. Akiwa mdogo alikuwa ananishika sikio la kuume na kuchungulia, akitafuta maneno yanapotokea. Nami nilimwambia: mtu wa foni haweki kitu tumboni, yanaingia kushoto, yanatoka kuume, na jioni anakula wali wake kama kawaida.

Sasa yuko Ubelgiji, Liège, mwaka wa nne. Ni mkalimani katika ofisi moja inayosikiliza wakimbizi. Mtu katoka huku kwetu au Kivu, anaeleza kwa Kiswahili yaliyompata, na Ndaya anayasema kwa Kifaransa. Sheria ya kazi ile ni kwamba hasemi, "Huyu mama anasema waliingia nyumbani kwake." Anasema, "Waliingia nyumbani kwangu." Kutwa nzima mdomo wake unabeba yaliyowapata wengine kana kwamba ni yake, bila kuongeza, bila kupunguza. Alipoipata kazi ile nilizunguka kambi nzima nikiringa. Mtoto wa foni amekuwa foni ya Ulaya.

Kila Jumapili alitutumia sauti kwenye simu, kwa Kiswahili chetu cha Kindu, kinachosema *njo* mahali pa ndiyo na ndiye. Yuko muzuri, anakula muzuri, amenenepa. Victorine aliisikiliza mara tatu, kisha akatoka uani kuwatangazia majirani jinsi mtoto alivyonenepa. Mimi neno hilo sikulitangaza. Nililijua. Niliwahi kulitengeneza kwa mkono wangu.

Jumapili moja ya mwezi wa tatu, mwaka huu, Victorine akamwomba apige kwa video. Tukaona dari, nyeupe, na taa yake. Victorine akamwambia amemzaa mtoto, hakuzaa dari, aonyeshe uso. Dari haikusogea.

"Ndaya, umekula?" akauliza Victorine.

"Ndaya, umekula," ikajibu sauti.

"Mutoto huyu. Nakuuliza wewe."

"Nakuuliza wewe."

Victorine akacheka, akadhani ni mtandao unatupa mwangwi. Mimi sikucheka. Niliijua sauti ile. Ni ya mtu wa foni aliyechoka mpaka masikio na mdomo vinafanya kazi peke yao, na kitini hakuna mtu. Nikaichukua simu nikatoka nayo nyuma ya nyumba. Nikamwita kwa jina kama mara tano, polepole, mpaka akaniambia, "Papa, samahani. Sikujua kama nilikuwa naongea."

Akanieleza. Mwezi wa kwanza alimkalimania mama mmoja kutoka mji uitwao Kama, kule kwenye mashimo ya dhahabu. Saa tatu mfululizo. Mama yule alisema kwa utulivu, kama anayeeleza njia ya kwenda sokoni, na Ndaya akayasema yote kwa mdomo wake: waliingia nyumbani kwangu, walimchukua mume wangu, walinifanya hivi, mwanangu alikuwa anatazama. Mama alipomaliza akanywa maji, akamshukuru, akaenda zake. Ndaya akapanda basi na yale maneno. Hayajashuka mpaka leo. Akioga anayasikia. Akipika anayasikia. Yanaongea kwa sauti yake mwenyewe.

Nikamwuliza kama huko hakuna wa kumwambia. Akasema yuko. Ofisi ina mwanasaikolojia, mama wa makamo, kazi yake kuwasikiliza wakalimani wenyewe. Ndaya ametumwa kwake mara mbili.

"Ulimwambia nini?"

"Nilimwambia niko muzuri. Nilimwambia mimi ni mutoto wa muntu wa foni, maneno yanaingia kwa sikio la kushoto, yanatoka kwa la kuume. Si wewe njo ulinifundisha, Papa? Ila kwangu hayatoki. Nafikiri mimi njo nimeharibika."

Kesho yake, Jumatatu saa nne asubuhi, ilikuwa mara ya tatu na ya mwisho. Akisema yuko muzuri, dosie, yaani faili lake, inafungwa, anarudishwa kazi ya kutwa, na wiki hiyo hiyo yule mama wa Kama anasikilizwa upya, naye akimkalimania. Ndaya alikuwa tayari kusema yuko muzuri. Alikuwa amelifanyia mazoezi.

Nikamwambia anisubiri nusu saa. Nikaenda msumarini, nikachukua kofia. Victorine akauliza kama naenda kungoja gari-moshi, maana hata malaika hajui litafika lini. Nikamwambia naenda kutafuta mtandao. Mara hiyo moja, ilikuwa kweli.

Mtandao unashika vizuri pale stesheni, mwisho wa jukwaa. Jua lilikuwa bado kali. Wanawake walikuwa wameanika mpunga juu ya maturubai kati ya reli, wakiugeuza kwa miguu. Nikakaa kwenye boriti, nikapasua kitambaa cha ndani ya kofia kwa ukucha, nikatoa karatasi. Zilikuwa zimekuwa rangi ya chai. Nikampigia.

"Leo tunaongea kifoni," nikamwambia. "Mimi nasema, wewe haunikatizi. Nikimaliza, unarudisha yote. Halafu njo unaweza kunitukana."

Nikamweleza haya.

Mwaka 2002 gari-moshi lilikuwa limelala, barabara zimefungwa na watu wenye silaha, na Kindu ilikuwa kama kisiwa. Mpunga uliokuwa ukilimwa vijijini haukuingia mjini. Chumvi tuliilamba kwa macho. Shirika moja la kigeni likafungua kituo cha kulisha watoto waliokonda, likaleta foni yake kwa ndege, na kwa kuwa reli haikuwa na kazi nami, likanichukua niiendeshe.

Mkubwa wa kituo alikuwa Edouard, muuguzi kutoka Benin, kijana mrefu asiyejua kukaa. Alikuja peke yake kwa miezi mitatu. Mwezi wa saba ulimkuta bado yuko, maana mwenzake wa kumpokea hakupatikana. Aliwapima watoto kwa mizani ya kuning'inia, ile yenye kikalio cha kitambaa na matundu mawili ya miguu, halafu akawalisha uji kwa kijiko, mmoja mmoja. Wengine walipona. Wengine aliwaandika kwenye daftari jingine.

Shirika lake lilikuwa na mama mmoja, Madame Albertine, aliyekaa Bukavu, na kila Alhamisi saa kumi alifungua foni kuwauliza wafanyakazi walio mbali na kwao hali ya mioyo yao. Ilikuwa kitu kipya, sisi hatukuwahi kuona. Edouard hakuweza kuacha watoto akaja kukaa kwenye foni akingoja mawimbi yatulie. Kwa hiyo aliandika majibu yake kwenye karatasi, akanikabidhi mbio, akarudi. Ndivyo tulivyofanya tangu enzi za reli: mwenye ujumbe anaandika, mtu wa foni anasoma.

Karatasi ya kwanza ilisema: *Sijalala tangu Jumapili. Nikifunga macho naona mikono yao kwenye kikalio cha mizani. Naomba mtu aje anipokee, hata kwa wiki mbili.*

Nikaishika. Sasa, foni haina mlango. Masafa yale yalisikilizwa na kila mwenye redio, kutoka Punia mpaka Bukavu: wafanyabiashara, mapadri, askari wa pande zote, na wengine wakikaa tu kutusikiliza kwa starehe. Nikaona aibu kwa ajili yake. Mwanamume anayesema hadharani kwamba hapati usingizi. Nikaona watamcheka. Hiyo ndiyo sababu niliyojipa siku ile, na ilikuwa sababu nusu. Nusu ya pili ni kwamba kama wakimwondoa na hakuna wa kumpokea, kituo kinafungwa. Na kwenye orodha ya kituo, namba arobaini na moja, alikuwa mtoto wangu, umri miaka mitano, kilo kumi na moja.

Nikabonyeza kitufe. Nikasema: "Edouard anasalimia. Kazi inaendelea. Yuko muzuri, anakula muzuri, samaki wa Lualaba wamemnenepesha. À vous."

Madame Albertine akarudisha. Neno kwa neno, kama sheria inavyotaka. Hata samaki akamrudisha, na nikasikia anatabasamu. Kisha akasema amefurahi, na kwamba aendelee.

Nikampelekea Edouard jibu. Sikuongeza, sikupunguza. "Wanasema uendelee."

Alhamisi ya pili aliandika: *Mkono unatetemeka, namwaga uji. Tafadhali.* Nikasema amenenepa, anajifunza kupika sombe, majani yetu ya muhogo. Wakasema aendelee. Ya tatu aliandika mstari mmoja: *Mmenisikia?* Nikasema anacheka, anawasalimia. Wakasema aendelee.

Ya nne hakuandika kitu.

Jumatatu iliyofuata, mama mmoja alifika kituoni na mtoto mapema akamkuta ameketi mbele ya mizani. Kikalio kilikuwa kitupu. Alikuwa anasoma jina kutoka lile daftari jingine, anaangalia mshale, anaandika sifuri. Anasoma jina linalofuata, anaandika sifuri. Hakuinua kichwa. Ndege ilikuja siku ya tatu, akaongozwa kwa mkono kama kipofu. Pale uwanjani aliniona, akasimama. Akanishika mkono kwa mikono yake miwili.

"Merci, papa Kalonji," akasema, kwa Kiswahili alichokiokota kwetu. "Wewe ulifikisha. Wao njo walikataa kusikia."

Hayo ndiyo niliyomweleza Ndaya. Sijui Edouard alipona au hakupona. Sikuuliza kamwe, kwa sababu ningeuliza ningejibiwa. Kituo hakikufungwa, mwezi uliofuata walikuja watu wawili. Nilirudi nyumbani nikatunga hadithi ya radi, nikaongeza na ya masikio, nikawa mtu wa kuchekesha. Watu walinipenda.

"À vous," nikamwambia.

Mwanamke mmoja aligeuza mpunga mstari mzima, akafika mwisho, akarudi. Kisha Ndaya akaanza kurudisha. Alirudisha kama kazi yake inavyomtaka, kana kwamba ni yeye. Nilikuwa mtu wa foni. Niliishika karatasi. Nilisema amenenepa. Nikayasikia makosa yangu yakitoka kinywani mwa mtoto aliyeshibishwa nayo, kwa sauti iliyonyooka, bila kuongeza na bila kupunguza. Alipofika kwenye "wanasema uendelee" sauti ilikatika. Akaanza tena mstari ule, akaumaliza.

Halafu akasema ya kwake.

"Papa, kama ungesoma karatasi, uji wangu ungetoka wapi?"

Nilikuwa na jibu zuri, nililitengeneza kwa miaka ishirini na mitatu. Sikulitoa. "Sijui. Labda wangetuma muntu. Labda wangefunga. Sijui, mama."

"Unanipa kitu kizito."

"Najua. Lakini ile ya masikio ni uongo, njo ninachotaka kukuambia. Sina sikio la kutolea. Karatasi hizi nimezivaa kila siku. Wewe haukuharibika. Aliyekufundisha njo alidanganya. Na kesho huyo mama wa kukusikiliza hatakuwa na karatasi yako. Atakuwa na kile utamusomea. Ukimwambia umenenepa, atarudisha umenenepa, na atakuambia uendelee. Hatakuwa amekukatalia. Itakuwa tu hakusikia. À vous."

Alirudisha. Kisha nikamwambia achukue karatasi, aandike, anisomee mimi kwanza. Nilisikia kalamu ikikwaruza. Ilichukua muda. Wanawake walianza kukunja maturubai.

Akasoma: "Silali. Namusikia mama wa Kama kwa sauti yangu. Kuna wakati watu wananiongelesha na mimi narudia tu. Nimekonda. Naogopa siku moja nitafungua mdomo nisijikute ndani. Sitaki kumukalimania tena huyo mama, na naona haya, kwa sababu yeye yalimupata na mimi nilisema tu. À vous."

Zamu yangu. Jamani, nilivyotaka kuongeza. Kiboko alikuwa pale pale ulimini na jino lake la dhahabu. Angecheka, nami ningepumua. Nikaanza: "Silali. Namusikia mama wa Kama kwa sauti yangu." Nikaenda hivyo, nikitembea kama mtu anayevuka daraja la reli, ubao kwa ubao. "Nimekonda. Naogopa kidogo siku moja nita..."

"Sikusema kidogo," akanikatiza.

Ni kweli, hakusema. Lilitoka lenyewe. Miaka yote ile, na mkono bado unatia sukari.

"Naogopa," nikasema. Nikaendelea mpaka mwisho. Nilipomaliza alikuwa analia, kwa kelele, kama alivyokuwa akilia utotoni alipopata nguvu za kulia, wiki ya tatu ya uji. Sikusema nyamaza. Nilikaa kwenye boriti nikasikiliza mpaka vocha ikaisha.

Jumatatu sikuweza kula. Saa sita kasoro simu ikalia ujumbe. Ilikuwa sauti fupi. Nikaisikiliza nikiwa nimesimama, kofia mkononi, kitambaa chake kimening'inia.

"Papa, nimesoma karatasi. Yote. Yule mama hakusema kitu mpaka nikamaliza. Halafu alirudisha. Simukalimanii mama wa Kama. Wametafuta muntu mwingine. Narudi kwa yule mama wa kusikiliza Alhamisi."

Victorine alikuwa barazani anatwanga sombe. Akasimamisha mchi, akauliza mtoto anasemaje, kama bado ananenepa.

"Hapana," nikamwambia. "Amekonda. Halali. Anaogopa."

Akanitazama, akitafuta usoni mwangu pale ninapoanzaga kucheka. Hakupapata. Akaufuta mkono kwa kanga, akaunyoosha.

"Lete simu," akasema. "Sasa njo nitaongea na mutoto wangu." Halafu akaiona kofia. "Na hiyo, lete niifue."

Nikampa vyote viwili.